Dragonite watatu, vumbi la mmoja: levo, nyota au kivuli?

Mpwa wangu huwa hanikumbuki mpaka akwame. Juzi usiku zikaingia picha tatu za skrini kwenye WhatsApp, moja baada ya nyingine, halafu ndiyo maneno: "Shikamoo mjomba. Nina vumbi laki moja tu. Nimpandishe yupi?" Nikaitikia marahaba, nikatafuta miwani.

Picha zote zilikuwa za Dragonite, joka la Pokémon GO, mchezo wa simu wa kunasa viumbe waitwao Pokémon na kuwapiganisha. Wa kwanza CP (namba ya nguvu za kivita) 3051, amenaswa porini akiwa tayari levo ya 30, lakini tathmini inampa nyota moja. Wa pili CP 1625, zawadi ya utafiti, nyota tatu juu ya muhuri wa waridi: mia kwa mia. Wa tatu CP 781 tu, macho mekundu na moshi wa zambarau mgongoni. Huyo ni kivuli, kaporwa kwa Team GO Rocket, genge la waovu mchezoni, na hana nyota hata moja.

"Wa kwanza ndiye mwenye nguvu, si ndiyo?" akaongeza.

Inategemea nguvu unaihesabu vipi, na ndiyo maana jibu langu lilirefuka hadi likawa haya unayoyasoma. Vumbi, yaani Stardust, hukusanywa polepole na likishatumika halirudi. Kabla ya kulimwaga ni vizuri kujua ile namba kubwa juu ya kichwa cha Pokémon imepikwa kwa viungo gani.

CP inapikwaje

Kiungo cha kwanza ni takwimu za asili za aina yenyewe: shambulio, ulinzi na stamina. Dragonite yeyote, awe wa Mombasa au wa Tokyo, ana 263, 198 na 209. Hizo hazibadiliki kwa namna yoyote utakavyomtunza.

Cha pili ni IV, pointi anazozaliwa nazo kila mmoja, kuanzia 0 hadi 15 kwa kila takwimu. Ndiyo ile mistari mitatu unayoiona kiongozi wa timu yako anapofanya tathmini. Jumla ikiwa 22 au chini, hapati nyota. Kuanzia 23 hadi 29 ni nyota moja, 30 hadi 36 mbili, 37 hadi 44 tatu, na 45 kamili ndiyo mia kwa mia. IV hubaki zilezile hata akigeuka kutoka Dratini, umbo lake la utotoni, hadi Dragonite.

Cha tatu ni levo. Mchezo hauionyeshi kwa tarakimu; unaikisia kwa ule upinde mweupe nyuma ya mgongo wake. Kila levo ina kizidisho chake: levo ya 20 ni 0.5974, ya 30 ni 0.7317, ya 40 ni 0.7903, ya 50 ni 0.8403.

Sasa upishi wenyewe. Chukua shambulio (asili pamoja na IV). Lizidishe kwa kipeuo cha pili cha ulinzi, kisha kwa kipeuo cha pili cha stamina. Chukua kizidisho cha levo, kizidishe kwa chenyewe, ukiingize humo. Gawanya kwa 10, tupa desimali. Kwa yule wa kwanza, ambaye IV zake ni 4/11/9: shambulio ni 267, ulinzi 209 ambao kipeuo chake ni kama 14.46, stamina 218 yenye kipeuo kama 14.76, na 0.7317 mara 0.7317 ni 0.535. Zidisha, gawanya, unapata 3051. Hakuna uchawi.

Ila hapo kuna mitego miwili. Shambulio limeingia zima zima, wakati ulinzi na stamina zimepita chini ya kipeuo. Pokémon mwenye shambulio kubwa hupandishwa CP kuliko mwenye kifua kigumu, hata kama wanalingana uwanjani. Halafu levo imehesabiwa mara mbili. Ukimtoa Pokémon levo ya 30 hadi ya 40, CP yake inaruka karibu asilimia 17, lakini shambulio analopigana nalo linaongezeka asilimia 8 tu, kwa sababu vitani kizidisho huingia mara moja.

CP pia haijui mambo mengi. Haijui mapigo aliyonayo, haijui anapigana na nani, wala haijui kwamba yule ni kivuli. Slaking ndiye mfano ninaoupenda: akiwa levo ya 40 na IV kamili ana CP 4431, anampita hata Mewtwo mwenye 4178. Lakini kwa miaka mingi pigo lake la haraka lilikuwa Yawn, kupiga miayo, ambalo halimuumizi mtu. Watu walimweka jimu, kituo kinacholindwa na Pokémon wa timu, kama sanamu la kutishia wapita njia.

Madhara ya pigo moja yanahesabiwa hivi: nusu ya nguvu ya pigo, mara shambulio halisi la mpigaji (asili na IV, mara kizidisho cha levo), gawanya kwa ulinzi halisi wa anayepigwa, kisha zinaingia nyongeza. Pigo likiwa la aina yake mwenyewe linazidishwa kwa 1.2. Likimkuta adui dhaifu kwa aina hiyo, kwa 1.6. Hali ya hewa ikiwa upande wako, kwa 1.2 tena. Desimali hutupwa, inaongezwa 1. Weka namba hizo kando ya IV: tofauti ya Dragonite mwenye IV sifuri na mwenye kamili, kwenye shambulio, ni 263 dhidi ya 278, chini ya asilimia 6. Ukimpandisha mia kwa mia wako huku ana Steel Wing na Hyper Beam badala ya Dragon Tail na Outrage, umeshapoteza kuliko kile nyota zilichokupa.

Tunawapima kwa nini

Nilimwambia mpwa wangu tuwapime wote kwa mambo manne yaleyale. Nguvu halisi, yaani shambulio, ulinzi na uhai (stamina halisi) baada ya kutumia laki moja, bila kutazama CP. Gharama, tukikumbuka pia pipi, ambazo hulipwa pamoja na vumbi. Upeo, yaani atafika wapi ukiwa na subira ya miezi. Na mwisho, anamfaa nani.

Hesabu ya laki moja ilitoka hivi:

| | Mkubwa | Mia kwa mia | Kivuli |
|---|---|---|---|
| IV | 4/11/9 | 15/15/15 | 2/7/5 |
| Levo sasa | 30 | 15 | 8 |
| CP sasa | 3051 | 1625 | 781 |
| Vumbi litakalotumika | 94,000 | 96,400 | 97,920 |
| Levo atakayofika | 37 | 30 | 26.5 |
| CP atakayofika | 3400 na ushee | 3251 | 2624 |
| Shambulio halisi | 206 | 203 | 219 |
| Ulinzi halisi | 162 | 156 | 117 |
| Uhai | 168 | 163 | 147 |

Itazame safu ya CP, kisha ile ya shambulio. Wa mwisho kwa CP ndiye wa kwanza kwa kupiga, kwa sababu tutakayoifikia kwenye kivuli.

Mkubwa wa nyota moja

*Nguvu.* Wachezaji wengi tumefundishana kumdharau huyu. "Nyota moja, mpeleke kwa Profesa," yaani achana naye moja kwa moja. Lakini kwa laki moja yeye ndiye mwenye uwiano mzuri kuliko wote: anampita mia kwa mia kwa shambulio, kwa ulinzi na kwa uhai pia. Levo saba za ziada zimefunika pengo la IV na kubakiza chenji.

*Gharama.* Uzuri wake mkubwa ni kwamba hata usipomgusa, leo hii anaingia vitani. Shambulio lake sasa hivi, bila kutumia hata punje, ni 195. Mia kwa mia angekula karibu vumbi lote la mpwa wangu ili amzidi kwa pointi nane. Kasoro ni kwamba mkubwa anaanzia pale ambapo bei inauma. Kutoka levo ya 20 hadi 30 ni vumbi 75,000 na kizidisho kinapanda zaidi ya asilimia 22. Kutoka 30 hadi 40 ni 150,000, mara mbili ya bei, kwa asilimia 8. Kwa hiyo swali la kwanza kwake lingekuwa kama anahitaji kupandishwa kabisa.

*Upeo.* Wote wawili wakifika levo ya 40, mkubwa ana shambulio 211 na mia kwa mia 220. Pengo la asilimia 4. Kwenye reidi (vita vya kundi dhidi ya bosi mmoja) ya watu sita hakuna atakayeliona.

*Anamfaa nani.* Mchezaji mpya, mwenye timu yenye mashimo. Mwenye vumbi laki moja na Pokémon watano wanaolililia. Anayetaka kushinda reidi ya wikiendi hii.

Mia kwa mia

*Nguvu.* Kwa sasa ni mtoto: shambulio 144, uhai 115. Ukimpeleka vitani leo atarudi amebebwa. Baada ya laki moja anakuwa sawa na mkubwa kasoro kidogo, kama jedwali linavyosema. Nguvu yake iko kwenye kesho.

Kuna jambo moja la kumtetea ambalo asilimia hazilionyeshi vizuri. Kwa kuwa desimali za madhara hutupwa, kuna ngazi. Tuseme hesabu ya pigo lako imetoka 14.2, inakuwa 14, inaongezwa 1, unapiga 15. Ikitoka 14.9 bado unapiga 15. Ikigusa 15.0 unapiga 16, na pigo la haraka hurudiwa mara kadhaa wa kadhaa katika vita kimoja. Wakati mwingine pointi mbili tatu za IV ndizo zinazokuvusha ngazi. Mara nyingine hazikuvushi popote. Ndiyo maana wabobezi hubishana usiku kucha, wote wakiwa na haki.

*Gharama.* Vumbi 96,400 kufika levo ya 30, na jumla 246,400 kufika ya 40. Zile levo za mwanzo ni rahisi na zinalipa: kutoka 15 hadi 20 ni 21,400 tu. Ukitaka kumwonja, ishia 20 kisha pumua.

*Upeo.* Hapa ndipo anapovaa taji lake. Levo ya 40 anafika CP 3792. Kuanzia hapo hadi 50 kunadaiwa vumbi 250,000 na pipi za XL (pipi maalumu za levo za juu) 296, kwa ongezeko la asilimia 6 na kidogo. Ni wendawazimu kwa reidi. Lakini Master League, ligi ya mchezaji kwa mchezaji ambako CP haina kikomo, wapinzani nao wameshafika 50, na mapigo mazito yakigongana kwa wakati mmoja mwenye shambulio kubwa hutangulia. Pale 15 badala ya 14 hukupa ushindi.

Kumbuka pia uhaba wake. Porini mia kwa mia ni mmoja kati ya 4096. Kwenye reidi, mayai na zawadi za utafiti, ambako IV hazishuki chini ya 10, ni mmoja kati ya 216. Wa bahati, yule anayeng'aa baada ya kubadilishana, hashuki chini ya 12, hivyo ni mmoja kati ya 64, na vumbi lake ni nusu bei. Mpwa wangu alipata wake kwa utafiti. Asimtupe. Ila kumtunza kabatini hakuna gharama, na si lazima amlishe mwezi huu.

*Anamfaa nani.* Mwenye subira, anayecheza kila siku, ambaye timu yake ya kawaida imeshakamilika. Na yule anayewinda Master League. Na, tuseme ukweli, yule ambaye roho yake haitulii akiona mstari haujajaa. Raha nayo ni sababu.

Kivuli

*Nguvu.* Kivuli hupiga kwa asilimia 20 zaidi, na hupigwa kwa asilimia 20 zaidi. CP haionyeshi lolote kati ya hayo. Chukua IV mbovu kabisa za shambulio, sifuri: 263 mara 1.2 ni karibu 316. Mia kwa mia wa kawaida ana 278. Yaani kivuli mbovu kuliko wote anapiga kwa asilimia 13 na ushee zaidi ya Dragonite bora wa kawaida katika levo ileile. Niliposoma hesabu hii mara ya kwanza nilikumbuka vivuli wote niliowahi kuwapeleka kwa Profesa Willow kwa sababu ya kukosa nyota, nikafunga simu nikaenda kunywa chai.

Upande wa pili wa shilingi ni ule ulinzi wa 117. Ukizidisha shambulio, ulinzi na uhai pamoja, zile asilimia 20 zinafutana. Kivuli hana nguvu zaidi kwa jumla, vita vyake tu ni vya kasi pande zote mbili. Na Dragonite ana aina mbili, Dragon na Flying, zote dhaifu mbele ya barafu. Pigo la barafu humwingia mara 2.56, kisha juu yake ongeza adhabu ya kivuli. Ukikutana na Mamoswine, Pokémon wa barafu, mtoe haraka.

Reidi, hata hivyo, zinapenda kasi. Muda unahesabiwa kurudi nyuma, na Pokémon akizimia unaleta mwingine. Mashujaa watatu wanaopiga sana na kufa mapema mara nyingi huwa na faida kuliko wawili wanaosimama imara huku saa ikiwaacha.

*Gharama.* Ghali. Kila kupandisha kunadai asilimia 20 zaidi ya vumbi na ya pipi. Anaanzia chini, levo ya 8. Kumfikisha 30 ni zaidi ya 136,000, laki ya mpwa wangu haitoshi. Halafu huja na pigo la Frustration, ambalo ni mzigo, na kulibandua kwa TM, kifaa cha kubadilisha pigo, hungoja siku za matukio ya Team GO Rocket. Ukimpandisha kabla ya siku hiyo umenunua gari lisilo na usukani. Na kivuli habadilishwi na mtu mwingine, kwa hiyo IV zake ndizo hizohizo hadi mwisho.

Kuna kishawishi cha kumtakasa. Akitakaswa anapata 2 juu ya kila IV, anapanda hadi levo ya 25, na bei ya kumpandisha inashuka kwa asilimia 10. Inaonekana kama zawadi. Kwa huyu wa 2/7/5 angekuwa 4/9/7, bado hana nyota hata moja, na ile nyongeza ya shambulio imekwenda na haitarudi. Kutakasa kuna mantiki pale tu kivuli alipo 13/13/13 au zaidi, kwa sababu anageuka mia kwa mia. Hata hapo wengine tutakushauri usubiri.

*Upeo.* Akifika levo ya 40 shambulio lake linakaribia 251. Dragonite wa kawaida hafiki huko, hata akiwa mia kwa mia levo ya 50, ambako ana 234 hivi.

*Anamfaa nani.* Mpiga reidi mzoefu mwenye hazina ya pipi za Dratini, anayejua lini kutoa na lini kuingiza. Haimfai anayetaka Pokémon mmoja wa kusimama muda mrefu, wala wa kuachwa jimu.

Sasa geuza kila kitu juu chini: ligi ya 1500

Mpwa wangu aliniuliza pembeni kuhusu Tropius, na hapa ndipo pana utamu wangu, kwa hiyo nivumilie. Tropius ni yule mwenye mkungu wa matunda kama ndizi shingoni. Porini hupatikana Afrika na maeneo machache jirani. Mchezaji wa Uswidi akimtaka, kwa kawaida inabidi asafiri au abadilishane na mtu. Takwimu zake za asili ni 136, 163 na 223, na hutumiwa Great League, ambako CP hairuhusiwi kuvuka 1500.

Kikomo kikiwa kwenye CP, kumbuka kile kipeuo. Shambulio linakula nafasi kubwa ya CP, ulinzi na stamina zinakula kidogo. Kwa hiyo ukiwa na mfuko wa 1500 tu wa kutumia, ununue nini? Ulinzi na uhai, ambavyo ni bei nafuu, halafu nafasi iliyobaki uijaze kwa levo.

Tropius mia kwa mia anaishia levo ya 27, CP 1497. Shambulio halisi 104.8, ulinzi 123.6, uhai 165.

Tropius wa 0/15/15 anafika levo ya 30, CP 1498. Shambulio 99.5, ulinzi 130.2, uhai 174.

Zidisha zote tatu: yule wa sifuri ana asilimia 5.5 zaidi. Ameacha shambulio kidogo, akanunua uhai 9 na ulinzi karibu 7. Kwenye pambano la mmoja kwa mmoja, uhai 9 unaweza kuwa ndiyo nafasi ya kurusha Leaf Blade moja ya mwisho. Kwenye tathmini, huyu ni nyota mbili. Wangapi tumewafuta?

Gharama yake nayo iko wazi: zile levo tatu, kutoka 27 hadi 30, ni vumbi 28,000 zaidi. Na kumpata ni mchezo wa bahati wa aina nyingine. Ukibadilishana, IV hupigwa upya, lakini kuna sakafu kulingana na urafiki wenu: rafiki wa daraja la kwanza hazishuki chini ya 1, wa daraja la Best Friend hazishuki chini ya 5, na wa bahati 12. Kwa hiyo rafiki yako mkubwa ndiye mtu mbaya zaidi wa kubadilishana naye Tropius wa ligi ya 1500. Mtafute jirani mliyejuana wiki iliyopita.

Kwa Ultra League, kikomo 2500, mantiki ni ileile, ingawa Pokémon wengine hawafiki 2500 kabisa bila kujazwa IV na levo zote, na hao ndio wachache ambao mia kwa mia huwafaa huko. Kwa Dragonite wetu watatu, ligi hizo ndogo hazituhusu. Mkubwa na mpandishwaji yeyote kati yao wameshavuka au watavuka. Asipolishwa, kivuli wa CP 781 peke yake bado ana mlango wa ligi ya 1500.

Uko upande gani

Kama vumbi lako halizidi laki na nusu na timu yako ya reidi haijatimia sita, mchukue mkubwa na usimpandishe sana. Mpeleke labda levo ya 33 au 34 kisha geukia Pokémon mwingine wa aina tofauti; kumzidishia 1.6 adui kwa kuchagua aina sahihi kunalipa kuliko asilimia 4 za IV.

Kama una mapigo yasiyofaa, suluhisha hilo kwanza kwa yeyote utakayemchagua. TM ni nafuu kuliko vumbi.

Kama unapiga reidi kila siku, una pipi nyingi, na tukio la Team GO Rocket linakuja, mtunze kivuli hadi siku hiyo, mbandue Frustration, kisha mlishe. Ukiona mchezo umeonyesha alama ya upepo siku ya reidi, yeye ndiye wa kuanza, maana mapigo ya Dragon na ya Flying yote yanaongezewa 1.2.

Kama unalenga Master League na huna haraka, mia kwa mia. Anza polepole, fika 20, kisha 30, ukusanye pipi za XL njiani. Usianze kumlisha kwa fujo kabla hujajua kama utabaki unacheza ligi hiyo msimu ujao.

Kama unacheza 1500, usitazame nyota. Tazama mstari wa shambulio kama haujajaa, na ile mingine miwili kama imejaa. Tropius wako wa nyota mbili usimguse.

Kama unataka tu wa kukaa jimu ukusanye sarafu, mkubwa anatosha, ingawa wenye CP ya kupita 3000 hupoteza ari haraka zaidi huko. Blissey yeyote mnene atakufaa zaidi ya Dragonite wote watatu.

Mpwa wangu alisoma yote, akanyamaza siku mbili. Kisha akatuma picha moja: mkubwa, levo ya 33, vumbi 66,000 limebaki. Chini yake ameandika, "Mjomba, una Tropius wa kubadilishana? Sisi si marafiki wa muda mrefu kwenye mchezo, nimeangalia."